Njia Iliyoliwa na Ua: Sheria Yasema Nini?



Mwezi huu twaacha kando habari za mbolea na chanjo ya ng'ombe, tutazame kitu ambacho kila mmoja wetu hukikanyaga kila siku bila kukifikiri, yaani njia itokayo shambani kwake hadi barabara kubwa. Mimi ni karani katika ofisi ya kilimo. Kazi yangu moja ni kupokea malalamiko na kuyaandika, na lalamiko la njia huja karibu kila juma. Huyu asema jirani amesogeza ua. Yule asema nepia imepandwa hadi kwenye matairi ya lori la maziwa. Wengi huja wakiwa wamechelewa: panga limekwisha kuchomolewa, ua umekatwa usiku, na sasa mshitakiwa ni yule yule aliyekuwa na haki.

Kwa hiyo somo hili ni la jambo moja tu. Mtu akila njia ya watu wote, dawa yake iko wapi katika sheria, na yaanzwa wapi?

Yanipasa nianze na nyumbani kwetu, maana si haki kuwafundisha wengine huku nikificha ya kwetu. Babu yangu alipewa shamba katika skimu, akapanda ua wa kayaba kando ya njia. Kayaba ni mmea mzuri kwa kuzuia ng'ombe, lakini hunenepa kila mwaka. Ulipozeeka, baba hakuung'oa. Alipanda mwingine mbele yake, upande wa njia, kisha akalima pale ulipokuwa ule wa kwanza. Jirani wa ng'ambo akaona, naye akafanya vivyo hivyo. Hapakuwa na ugomvi hata kidogo! Watu wawili walikula njia moja kwa amani kabisa, kila mmoja kwa upande wake.

Usiku mmoja wa masika, mimi nikiwa bado chuo cha ualimu, nyanya yangu alianguka akavunjika nyonga. Gari lililoitwa lilifika njia panda likasimama hapo. Lisingeweza kupita katikati ya nyua mbili na tope. Vijana walimbeba juu ya mlango uliong'olewa bawaba, karibu mita 600, mvua ikinyesha. Alipona, lakini hakutembea tena bila mkongojo. Nilipopata ramani baadaye nilikuta kwamba njia ile imeandikwa mita 9. Nikaipima kwa kamba: sisi tulikuwa tumechukua mita 2 na nusu, jirani mita 3, na iliyobaki ilikuwa mita 3 na nusu. Nikapiga hesabu ya faida yetu. Mita 2 na nusu kwa urefu wa mita 120 ni mita za mraba 300, nayo haifiki hata sehemu moja ya kumi na tatu ya ekari. Hiyo ndiyo bei tuliyouza nayo mguu wa nyanya.

NJIA HII NI YA NANI?

Yafaa tukumbuke njia za skimu zilitoka wapi. Mpango mkubwa wa kuwapa Waafrika mashamba katika Nyanda za Juu, ule ulioitwa wa Ekari Milioni, ulianza mwaka wa 1962. Mashamba makubwa ya walowezi yalinunuliwa, yakapimwa, yakakatwa vipande, na karibu familia 35,000 zikapata makao. Shamba la mlowezi mmoja lilikuwa na lango moja. Lilipokatwa vipande 40 au 60, kila kipande kilihitaji lango lake. Ndiyo sababu wapima ardhi walitenga njia kwenye ramani kabla ya kugawa vipande. Ardhi ya njia haikuwekwa ndani ya kipande cha mtu yeyote. Hukuilipia mkopo, wala haimo katika ekari za hati yako.

Katiba ya mwaka 2010, katika kifungu cha 62, yataja barabara na njia zote zilizowekwa kwa sheria ya Bunge kuwa ni ardhi ya umma. Kutokana na hayo latoka jambo ambalo wakulima wengi hawalijui, nami naomba mlisome mara mbili. Ni kweli kwamba mtu akikaa katika ardhi ya mtu binafsi miaka 12 waziwazi, bila ruhusa na bila kuondolewa, aweza kwenda mahakamani kudai iwe yake. Lakini Sheria ya Muda wa Madai, Sura ya 22, kifungu cha 41, yasema wazi kwamba dai la namna hiyo haliwezi kuanzishwa juu ya ardhi ya Serikali na ya umma. Ua uliokaa barabarani miaka 12 hauna haki. Uliokaa miaka 50 hauna haki. Kayaba ya babu yangu, pamoja na umri wake wote, ilikuwa mgeni barabarani tangu siku ilipopandwa.

Wengine husema, "Mimi nina hati, na hati yangu yaonyesha ile sehemu ni yangu." Hati ni kitu cha heshima, lakini haiwezi kuzaa haki pale ambapo ardhi ilitolewa kinyume cha sheria. Kesi iliyolionyesha hili kwa uwazi haikutoka katika skimu bali pwani, huko Nyali, Mombasa. Kampuni iitwayo Dina Management ilikuwa na hati ya kiwanja kilicho karibu na ufuo. Mwaka wa 2017 Serikali ya Kaunti ya Mombasa ilibomoa ukuta wake ili watu wapate njia ya kwenda baharini. Kampuni ilishitaki, kesi ikapanda hadi Mahakama ya Juu, nayo ikatoa hukumu tarehe 21 Aprili 2023. Ilionekana kwamba ardhi ile ilikuwa uwanja wa wazi wa umma, na kwamba ilikuwa imegawiwa mtu wa kwanza bila kufuata sheria. Basi aliyenunua baadaye, hata akiwa ameshika hati, hakuweza kujificha nyuma yake. Ikiwa hati ya kiwanja cha Nyali haikuokoa ukuta, ya kwako na yangu haitaokoa ua wa kayaba.

Neno hili lawahusu pia wazee wetu. Nimeona barua za kikao zilizoandikwa vizuri, zenye alama za vidole, zikisema kwamba "tumekubaliana njia iwe mita 4." Wazee wana uwezo mkubwa wa kupatanisha watu, na Katiba yenyewe yausifu upatanisho. Lakini hawawezi kugawa kisicho chao. Makubaliano ya kupunguza barabara ya umma hayana nguvu yo yote, hata yakitiwa saini na kijiji kizima pamoja na chifu.

KWANZA UJUE NI NJIA YA NAMNA GANI

Hapa ndipo watu wengi hukosea. Njia si zote moja, na dawa ya moja haiponyi nyingine.

Iko njia iliyo kwenye ramani ya rejista, ile ambayo wapima ardhi huiita R.I.M. Hiyo ndiyo njia ya umma ninayoisema tangu mwanzo.

Iko njia ya miguu isiyo kwenye ramani, inayokatiza katika shamba la mtu kwenda mtoni, kanisani au shuleni. Hiyo si ya umma kwa sababu tu watu wanapita. Lakini Sura ya 22, kifungu cha 32, yasema kwamba njia ikitumiwa waziwazi, kwa amani, kama haki, bila kukatizwa kwa miaka 20, haki ya kupita huthibitika. Angalieni maneno "kama haki". Ikiwa kila mwaka ulikwenda kumwomba mwenye shamba ruhusa, ukampelekea na kuku wa shukrani, basi ulipita kwa hisani yake, na hisani yaweza kukoma. (Sisemi kuku asipelekwe. Nasema tu kwamba mahakama itauliza habari zake.)

Tena liko shamba lisilo na njia kabisa, kwa kawaida lile lililokatwa na ndugu wakati wa kurithi bila kutenga pa kupita. Mwenye shamba hilo aweza kuomba mahakama, chini ya Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012, itoe amri ya kumpatia njia katika ardhi ya jirani. Mahakama hupima shida ya pande zote mbili na yaweza kuamuru fidia. Ni dawa ghali. Ni rahisi mno kutenga mita chache siku ile ile mnapogawana, kabla ya mpima ardhi kuondoka.

KAMBA, KALAMU NA BARUA

Turudi kwenye njia ya ramani. Ukiona imeliwa, usianze kwa kelele. Nenda ofisi ya ardhi ukanunue nakala ya ramani ya sehemu yako, kisha uombe upekuzi rasmi wa rejista ya vipande vinavyopakana na njia. Kisha ipimeni njia kwa kamba au utepe, mkiwa na mashahidi wawili au watatu, mahali pasipopungua patano: mwanzo, mwisho, na pale palipobana zaidi. Andikeni tarehe, upana wa kila mahali, na majina ya waliokuwapo. Pigeni picha kwa simu.

Lakini msijidanganye kwa rula. Kama ramani yenu ni ya 1:5,000, milimita moja kwenye karatasi ni mita 5 shambani. Mstari wenyewe wa kalamu waweza kufunika mita moja au zaidi. Ramani za namna hii zaonyesha mipaka kwa jumla, si kwa nukta. Kipimo chenu ni cha kuonyesha kwamba pana shida; kipimo cha kuimaliza ni cha mpima ardhi wa Serikali.

Baada ya hapo mfikieni jirani. Mpelekeeni karatasi, mkamwonyeshe. Wapo ambao hawajui, kwa sababu walinunua shamba ua ukiwa tayari umesogea. Akikubali, iandikwe mbele ya chifu au naibu wake: ni lini ataondoa, na wapi ua mpya utapita. Jirani yetu wa ng'ambo alikataa. Alisema baba yangu ndiye aliyeanza, nayo ilikuwa kweli. Hapo ndipo tulipoelewa kwamba hatuna budi kung'oa wa kwetu kwanza. Tuling'oa. Baba hakusema nami siku tatu.

Jirani akikataa, andikeni barua kwa mwenye barabara. Barabara ndogo za skimu kwa kawaida ni za serikali ya kaunti, na barua huenda kwa afisa wa barabara. Barabara za taifa zina halmashauri zake zilizoundwa na Sheria ya Barabara za Kenya ya mwaka 2007: KeNHA kwa barabara kuu, KURA kwa za mijini, na KeRRA kwa za mashambani. Msikosee anwani, maana barua iliyokwenda ofisi nyingine hulala. Barua yenyewe isiwe ndefu wala ya matusi. Yaweza kuwa hivi:

"Sisi wakulima wa vipande nambari … katika skimu ya … twaleta habari kwamba njia ya umma iliyo kati ya vipande nambari … na … imezibwa kwa ua (au jengo, mtaro, mazao). Kwenye ramani njia ni mita …. Tuliipima tarehe … mbele ya mashahidi, tukakuta mita …. Lori la maziwa na gari la wagonjwa haliwezi kupita. Twaomba ofisi yako ije kuikagua, itoe ilani ya kuondoa kizuizi, na itujibu kwa maandishi. Tumeambatisha ramani, vipimo na picha."

Tieni saini ninyi nyote. Pelekeni nakala mbili, na ile mtakayobaki nayo ipigwe muhuri wa kupokewa pamoja na tarehe. Muhuri ule mdogo ndio utakaowasaidia siku mtu atakaposema hajapata kusikia habari zenu.

Sheria ya 2007, kifungu cha 49, yakataza mtu kuweka kitu chochote barabarani bila idhini ya maandishi ya halmashauri inayohusika. Halmashauri yaweza kumpa ilani ya kuondoa katika muda usiopungua siku 30. Asipofanya hivyo, yaweza kuondoa yenyewe na kumdai gharama. Sheria ya Trafiki nayo, Sura ya 403, kifungu cha 91, yataja makosa ambayo ni kama yaliandikwa kwa ajili yetu wakulima: kuingilia barabara, au ardhi iliyotengwa kwa barabara, kwa jengo, ua au mtaro, kuchimba, na hata kupanda mti au mbegu. Kwa hiyo mahindi mistari miwili barabarani si jambo dogo. Ni kosa. Na mtaro wa kuzuia mmomonyoko, ambao sisi wa ofisi ya kilimo tunawahimiza mchimbe, usielekezwe barabarani. Maji hula barabara upesi kuliko jembe.

Ilani ina faida kwa aliyeingilia pia, naye ana haki zake. Hastahili kuvamiwa usiku. Kama ni watu wanaoishi katika ardhi ya umma na wanataka kuondolewa, Sheria ya Ardhi yataka ilani isiyopungua miezi mitatu, nao waweza kwenda mahakamani.

PALE JIRANI ANAPOSEMA "MPAKA NI HUU"

Mara nyingi aliyekula njia hakatai kwamba njia ipo. Asema tu kwamba mpaka ni pale ua ulipo. Basi jambo limekuwa la mpaka, na hapa pana mtego. Sheria ya Usajili wa Ardhi ya mwaka 2012, kifungu cha 18, yakataza mahakama kusikiliza ugomvi wa mipaka ya ardhi iliyosajiliwa kabla Msajili wa Ardhi hajaiamua. Wakulima wametoa ng'ombe wakalipa wakili, na kesi ikatupwa nje siku ya kwanza kwa sababu hiyo. Mwandikieni Msajili kwanza. Atawaita wenye vipande vyote vinavyopakana, atakuja shambani pamoja na mpima ardhi, atasikiliza kila mtu, na ataandika uamuzi wake. Hudhurieni ninyi nyote. Wala mtu asiguse bikoni wala alama ya mpaka kabla ya siku hiyo, kwa kuwa kuiharibu ni kosa.

Kwetu jambo lilichukua miezi kumi na minne tangu barua ya kwanza. Siku ya kupimwa ilikutwa kwamba jirani alikuwa ameingia mita 2 na sentimita 80, si mita 3 kama nilivyopima mimi. Nafurahi kwamba sikuishika kamba yangu kama msahafu.

Ikiwa Msajili amekwisha kuamua na mtu bado hatoki, au mpaka haubishaniwi na njia imefungwa tu kwa ukaidi, ndipo mahakama. Kesi za ardhi husikilizwa na Mahakama ya Mazingira na Ardhi, na pia na mahakama za mahakimu kwa kiasi cha uwezo wao. Wakulima wa njia moja waweza kuleta kesi moja, mmoja akiwawakilisha wengine. Ombeni mambo wazi: itamkwe kwamba njia ni ya umma na upana wake ni huu, aamriwe kuondoa kizuizi, azuiwe asirudie, alipe gharama. Kama kuna aliyepata hasara yake mwenyewe, kwa mfano maziwa yaliyomwagika siku kumi kwa kuwa lori halikupita, aweke risiti na daftari la maziwa, aombe fidia. Na kama njia imefungwa jana na wagonjwa au mazao yanakwama leo, ombeni amri ya muda kesi ikiendelea. Mahakama huitoa upesi kwa yule aliyekuja upesi. Aliyenyamaza miaka sita ataulizwa haraka yake imetoka wapi.

Sasa, lile panga. Najua hasira ya kusimama mbele ya lango lililofungwa, mikebe mkononi, jua likipanda. Lakini ukiung'oa ua wa mtu wewe mwenyewe waweza kushitakiwa kwa kuharibu mali kwa makusudi, chini ya kifungu cha 339 cha Kanuni ya Adhabu, ambacho kifungo chake chaweza kufika miaka mitano. Utakuwa kizimbani ukieleza habari za njia kwa hakimu aliyekuja kusikiliza habari za ua. Huyo uliyemshitaki atakuwa shahidi, amevaa koti.

KAZI YA KUFANYA

Kwa vikundi vya masomo na vyama vya maziwa. Kabla ya somo lijalo, kila kikundi kitafute nakala ya ramani ya njia yake. Nendeni na kamba, mpime mahali patano, muandike upana kwenye jedwali lenye safu tatu: mahali, upana wa ramani, upana wa leo. Kila mtu apime kwanza upande wa shamba lake, mbele ya wenzake. Kisha pigeni hesabu ya mita za mraba zilizopotea, na mtu mmoja aendeshe mkokoteni uliojaa kutoka mwanzo hadi mwisho, wengine wakitazama ni wapi magurudumu yanagusa ua.